Lugha Iliyopewa Kazi: Namna Kiswahili Kilivyotuunganisha, na Deni Lililobaki



Kila mwaka tunapokutana ukumbini kusherehekea tarehe 9 Desemba, jambo la kwanza ni kusimama na kuimba wimbo wa taifa. Aliyezaliwa Bukoba anasimama kando ya aliyezaliwa Newala, wa Pemba kando ya wa Babati, na hakuna anayeuliza tuimbe kwa lugha gani. Tumelizoea jambo hili mpaka tunaliona la kawaida. Si la kawaida hata kidogo.

Mimi ni muuguzi. Katika wodi ninayofanya kazi hapa Uingereza nina wenzangu kutoka Nigeria, Ghana, India, Ufilipino na Zimbabwe. Wenzangu wawili wa Nigeria huzungumza Kiingereza wakiwa peke yao, kwa sababu mmoja ni Mwigbo na mwingine ni Myoruba. Mtanzania akikutana na Mtanzania kwenye korido, hata kama hawajawahi kuonana, neno la kwanza ni "Habari za kazi?" Siku moja mwenzangu aliniuliza, "Kwani kwenu hakuna makabila?" Nikamjibu kwamba yapo zaidi ya 120, na mengi yana lugha yake.

Mwaka huu binti yangu aliniletea fomu ya shule yenye nafasi moja ya kujaza lugha ya nyumbani. Akaniuliza, "Mama, niandike ipi? Bibi anaongea Kinyakyusa, wewe unaongea Kiswahili, mimi naongea Kiingereza." Nilimwambia asubiri. Makala haya ndiyo jibu langu kwake na kwa wenzake.

Lugha ilipanda bara kwa miguu

Tanzania ina lugha za Kibantu kama Kisukuma, Kihaya, Kigogo na Kimakonde. Ina lugha za jamii ya Kinailoti kama Kimaasai na Kijaluo, na za Kikushi kama Kiiraqw cha Mbulu. Tena ina Kisandawe na Kihadza, lugha zenye sauti za kidoko ambazo wengi wetu hatuwezi kuzitamka. Ni nchi chache barani Afrika zenye mchanganyiko wa namna hiyo. Hata Wasukuma, walio wengi kuliko wote, hawafikii robo ya wananchi.

Kiswahili kilikuwa lugha ya watu wa pwani na visiwani. Katika karne ya 19 kilipanda bara na misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora mpaka Ujiji. Tusiwafiche watoto: misafara hiyo ilibeba nguo na shanga, na ilirudi na pembe za ndovu na watumwa. Lugha yetu ilijifunza njia za bara katika biashara hiyo ya machungu. Lakini wapagazi walioibeba mizigo, wengi wao Wanyamwezi, waliibeba na lugha pia, wakaifanya yao.

Wajerumani walipoitawala nchi waliona kwamba hawawezi kujifunza lugha mia. Wakaifanya Kiswahili kuwa lugha ya maakida, makarani na shule za serikali, ya kwanza ikiwa Tanga. Hawakufanya hivyo kwa kutupenda; walitaka kodi ikusanywe na amri zifike. Lakini lugha ya amri ni lugha ya majibu pia. Mwaka 1905 Wamatumbi, Wapogoro, Wangoni na makabila mengine ya kusini walipoinuka dhidi ya Wajerumani, vita vile vilichukua jina la Kiswahili ambalo kila mtu alilielewa: Maji Maji.

Waingereza nao waliendelea na Kiswahili katika shule za chini na ofisi za wilaya. Mwaka 1928, katika mkutano uliofanyika Mombasa, Kiunguja kilichaguliwa kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na mwaka 1930 ikaundwa kamati ya lugha ya Afrika Mashariki kusimamia kazi hiyo. Kwa hiyo sisi wa bara tulikuwa na deni kwa ndugu zetu wa visiwani miaka mingi kabla ya Muungano wa 1964: Kiswahili tunachokiandika kina mizizi Unguja. Watu wa Mombasa na Lamu, wenye ushairi wao wa kale, hawakufurahia wote uchaguzi ule, na walikuwa na haki ya kunung'unika.

Jambo la kukumbuka ni hili: mpaka hapo Kiswahili kilikuwa kimepewa kazi na wafanyabiashara, na wamisionari, na wakoloni. Bado hakikuwa kimepewa kazi na wananchi wenyewe.

TANU na kazi mpya

TANU ilizaliwa tarehe 7 Julai 1954. Kiongozi wake, Mwalimu Julius Nyerere, alikuwa Mzanaki wa Butiama, na lugha yake ya kwanza, Kizanaki, ina wasemaji wachache sana. Pengine hilo lilisaidia: hakuna aliyeweza kumshuku kwamba anataka nchi nzima iongee lugha ya mama yake. Mikutano ya hadhara ya TANU iliendeshwa kwa Kiswahili, kadi na maneno ya kampeni yakawa ya Kiswahili. Neno "uhuru" halikuhitaji tafsiri Mwanza wala Mtwara.

Shaaban Robert, mshairi wetu mkubwa, alikuwa Myao kwa asili. Nawataja Mwalimu na Shaaban Robert pamoja ili watoto waelewe kwamba Kiswahili cha taifa kilijengwa na watu ambao asili zao zilikuwa za lugha nyingine. Hakikuwa mali ya kabila moja lililowashinda wengine. Ndiyo maana wananchi walikikubali bila kuhisi wameshindwa.

Uhuru ulipatikana tarehe 9 Desemba 1961. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 9 Desemba 1962, Tanganyika ikawa Jamhuri, na Rais Nyerere akalihutubia Bunge kwa Kiswahili. Mwaka 1963 ikatoka tafsiri yake ya tamthilia ya Julius Caesar ya Shakespeare. Rais wa nchi changa, yenye njaa na upungufu wa madaktari, anakaa usiku kumtafsiri Shakespeare! Wapo waliocheka. Lakini alikuwa anawathibitishia waliosema kwamba lugha hii ni ya sokoni tu kwamba inaweza kubeba mzigo wowote.

Januari 1967, Rashidi Kawawa, Makamu wa Pili wa Rais, alitangaza kwamba shughuli za serikali zifanyike kwa Kiswahili. Mwaka huohuo likaja Azimio la Arusha, likaundwa Baraza la Kiswahili la Taifa, BAKITA, na Kiswahili kikawa lugha ya kufundishia masomo katika shule zote za msingi za serikali. Sensa ya 1967 ndiyo iliyokuwa ya mwisho kuwauliza wananchi kabila lao.

Pamoja na hayo serikali iliwahamisha watu. Mwalimu wa Kagera alipangiwa Songea, polisi wa Mara akapelekwa Lindi, vijana wakachanganywa katika Jeshi la Kujenga Taifa na shule za bweni. Mimi mwenyewe ni mtoto wa sera hiyo. Baba yangu alikuwa mwalimu, Msambaa wa Lushoto, akapangiwa Rungwe. Huko akamwoa mama yangu Mnyakyusa. Baadaye wakahamishiwa Dodoma, nikazaliwa mimi. Ndani ya nyumba ile Kisambaa na Kinyakyusa vilikutana mezani, na Kiswahili ndicho kilichopakua chakula.

Mtu ni Afya

Kwa kazi yangu, mfano ninaoupenda kuliko yote ni wa mwaka 1973. Serikali iliendesha kampeni ya afya iliyoitwa Mtu ni Afya. Watu walikutana katika vikundi vijijini kusikiliza kipindi cha redio. Kisha mmoja aliyejua kusoma aliwasomea kitabu, wakajadiliana, halafu wakaamua la kufanya: kuchimba choo, kufyeka nyasi kando ya nyumba, kuchemsha maji. Watu wapatao milioni 2 walishiriki. Walijifunza habari za malaria, kuhara, kichocho na kifua kikuu.

Mama yangu alikuwa msichana katika kikundi kimojawapo huko Rungwe. Alikuwa akitusimulia jinsi wazee walivyobishana kama ni kweli mbu ndiye anayeleta homa. Walibishana kwa Kinyakyusa, redio ikasema kwa Kiswahili, na choo kikachimbwa. Leo nikisoma vitabu vya uuguzi vinavyohimiza mgonjwa ashirikishwe katika uamuzi wa afya yake, namkumbuka mama na kikundi chake. Kampeni ile isingewezekana kwa Kiingereza, ambacho mwanakijiji mmoja kati ya wengi ndiye angekielewa. Isingekuwa rahisi kwa lugha 120 pia, kwa redio moja ya taifa na bajeti ndogo. Hapo ndipo unapoona faida ya lugha iliyopewa kazi.

Mlango uliobaki umefungwa

Lakini makala ya sikukuu yasiwe ya kujisifu tu. Kuna mlango ambao Kiswahili hakikufunguliwa: shule ya sekondari.

Mwaka 1982 tume ya rais ya elimu, iliyoongozwa na Jackson Makwetta, ilipendekeza Kiswahili kianze kufundishia kidato cha kwanza kuanzia 1985. Serikali haikulikubali pendekezo hilo. Mwalimu mwenyewe, aliyekipigania Kiswahili kuliko mtu yeyote, alikifananisha Kiingereza na Kiswahili cha dunia, akaogopa kwamba kikiondolewa shuleni kitapotea nchini. Sera ya elimu iliyozinduliwa mwaka 2015 ilizungumza tena juu ya kufundisha kwa Kiswahili ngazi zote, lakini mpaka leo mwanafunzi anayemaliza darasa la saba katika shule ya kawaida ya serikali anaingia kidato cha kwanza na kukuta fizikia na jiografia kwa Kiingereza.

Nilipitia mlango huo. Darasa la saba niliweza kueleza usanisinuru mbele ya darasa zima, nikachora na jani. Miezi michache baadaye, kidato cha kwanza, mwalimu aliniuliza jambo lilelile kwa Kiingereza nikasimama nimenyamaza. Wenzangu waliozungumza Kiswahili uwanjani walivishwa kibao shingoni. Nilijifunza kukariri. Nilivuka, nikafika mpaka chuo kikuu hapa Uingereza nikapata shahada yangu ya uuguzi. Lakini wapo wenzangu, wenye akili kunishinda, ambao hawakuvuka. Hawakushindwa biolojia. Walishindwa lugha ya biolojia.

Sisemi Kiingereza kitupwe, ndicho kinachonilisha. Nasema kwamba lugha ya kigeni hufunzwa vizuri kama somo, na mwalimu aliyeandaliwa. Haifunzwi kwa kumzamisha mtoto.

Kwingine milango inafunguka. Mwaka 2021 sheria ilibadilishwa ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na mahakama, baada ya miaka mingi ya mwananchi kushtakiwa kwa Kiswahili na hukumu yake kuandikwa kwa lugha asiyoielewa. Mwaka huohuo UNESCO ikaitangaza tarehe 7 Julai, siku ileile ilipozaliwa TANU, kuwa Siku ya Kiswahili Duniani. Mwaka 2022 Umoja wa Afrika ukakipokea kuwa lugha ya kazi.

Lugha zilizobaki jikoni

Sasa nafika kwenye deni. Katika kukipa Kiswahili kazi zote za umma, tulizinyima lugha za wazee wetu kazi yoyote nje ya nyumba na kanisa. Hazifundishwi shuleni, hazitumiki bungeni, na vituo vya redio vinatakiwa kurusha matangazo kwa Kiswahili au Kiingereza. Wenzetu wa Kenya walichukua njia nyingine: Kameme FM ilianza kutangaza kwa Kikuyu mwaka 2000, na nyingine nyingi zikafuata kwa lugha mbalimbali. Nao walilipa gharama, kwani baada ya uchaguzi wa 2007 baadhi ya redio hizo zililaumiwa kwa kuchochea chuki. Viongozi wetu waliogopa hasa jambo hilo, na hofu yao haikuwa ya kijinga. Lakini gharama yetu nayo ipo, ila ni ya kimya. Lugha isiyo na kazi haigombani na mtu. Inazeeka tu na wazee wake.

Nililiona hilo wodini. Nimebadilisha baadhi ya mambo ili mhusika asitambulike, maana siri ya mgonjwa ni amana. Alilazwa mama mzee wa kwetu mwenye ugonjwa wa kusahau. Zamani alizungumza Kiswahili kizuri, na Kiingereza cha kutosha kwenda dukani. Usiku ule Kiingereza kilikuwa kimekwenda, Kiswahili kilikuja na kupotea, na kilichobaki ni Kinyakyusa. Katika kazi yetu tunaliona mara nyingi: lugha iliyoingia kwanza mara nyingi ndiyo inayotoka mwisho.

Iliandikwa kwenye faili kwamba anapayuka. Niliposogea nikatambua kwamba hapayuki, anaeleza. Nikamsalimu, "Ugonile." Akatulia, akanishika mkono, akaanza kunieleza kwa sentensi ndefu. Nami nikabaki kumtazama, kwa sababu Kinyakyusa changu kinaishia kwenye salamu na "ndaga", yaani asante.

Mkalimani wa simu wa lugha ile hakupatikana usiku huo. Binti yake akaja na kijana wake wa miaka ishirini. Mama mzee akasema kwa Kinyakyusa, binti akaniambia kwa Kiswahili, mimi nikamwambia daktari kwa Kiingereza: hajapata haja ndogo tangu asubuhi na tumbo linamkata. Tukampima, kibofu kimejaa. Tukamsaidia, na kabla ya saa kumi za usiku alikuwa amelala.

Lugha tatu zilipokezana kumtibu mtu mmoja. Pete moja ya mnyororo ule ingekosekana, angeendelea kuitwa mpayukaji mpaka asubuhi. Na yule kijana, aliyezaliwa hapa, mtoto mwenye adabu aliyekuwa amemshika bibi yake mkono muda wote, aliniuliza pembeni, "Nimesikia akitaja jina langu mara mbili. Alikuwa anasemaje?" Sikuwa na jibu la kumpa. Mama yake alikuwa ameshatoka kwenda kupiga simu.

Kazi tuliyonayo sisi

Historia hii inanifundisha jambo moja. Kiswahili hakikuwa lugha ya taifa kwa sababu ni kitamu, au kwa sababu tulikipenda. Kilikuwa kwa sababu kilipewa kazi: kuhutubia, kuhukumu, kusomesha, kutibu, kuoana. Pale kiliponyimwa kazi, kama sekondari, kimebaki mlangoni. Na lugha za makabila yetu, ambazo tulizipenda sana lakini hatukuzipa kazi, zinapungua kila msiba wa mzee mmoja.

Huku ughaibuni hakuna serikali ya kutufanyia hilo. Serikali ni mama na baba. Kumwambia mtoto "jivunie Kiswahili chako" mara moja kwa mwaka, akiwa amevaa fulana ya bendera, hakutoshi. Kipe kazi. Chagua mambo yanayofanyika nyumbani kwa Kiswahili na si vinginevyo: sala ya chakula, kupika, kumpigia bibi simu Jumapili bila mzazi kuchukua simu katikati, kuhesabu chenji, kugombezana na kuombana radhi. Na mtoto akikosea ngeli, usimcheke. Wengi wamenyamaza kwa sababu shangazi mmoja aliwacheka.

Na walio na wazazi hai wanaojua Kihaya, Kingoni, Kimakonde au Kipare, wawarekodi. Simu mnazo. Muulizeni mama jina la kila kiungo cha mwili na namna ya kusema "hapa panauma". Nawaambia kama muuguzi: maneno hayo mnaweza kuyahitaji.

Binti yangu alirudi na ile fomu. Aliandika lugha tatu katika nafasi ya moja, herufi zikatoka nje ya kisanduku. Mwalimu wake aliuliza ni ipi hasa. Akajibu kwamba zote zina kazi, ila moja ndiyo kwanza anaanza kujifunza, kila Jumapili, kwa bibi yake.

Ngao ya taifa letu ina maneno mawili: Uhuru na Umoja. Wazee wetu walivipata vyote viwili kwa lugha ambayo kwa wengi wao haikuwa ya kwanza. Tusiipoteze kwa watoto wetu, na tusiwasahau bibi zao.

Heri ya sikukuu ya Uhuru kwenu nyote.